Sifa Nilizompa Binti wa Jirani

Mtu aliyekuja kuniuliza habari za binti wa jirani alivua viatu mlangoni bila kuambiwa, nami nikampenda kwa hilo tu. Fundi wa mabomba akija kwangu hunikanyagia zulia kwa buti zenye theluji. Msimamizi wa jengo huongea nami akiwa amesimama koridoni, mguu mmoja tayari kuondoka. Huyu bwana, mtu wa makamo mwenye masharubu yaliyotiwa rangi nyeusi, alivua viatu, akavipanga ukutani, akaushika mkono wangu kwa mikono yake yote miwili. Nalitaja mapema ili ijulikane jinsi ninavyolegea mbele ya mtu anayenipa heshima. Ubaya wote nilioufanya ulipitia tundu hilo.

Naishi ghorofa ya kumi na moja ya jengo la kupanga pale Flemingdon Park, upande unaotazama bonde. Kwetu ni Tanga. Nilimaliza kidato cha nne, nikawa karani wa reli, na kwa kuwa nilikuwa na mdomo mzuri nikawa mshenga. Familia iliyotaka kupeleka posa iliniita mimi. Nilijua nani akae wapi, nani aseme kwanza, na wakati gani kikombe cha kahawa kinaachwa bila kuguswa ili wenye nyumba waelewe kwamba jibu halijatosha. Hapa Toronto hakuna aliyejua kuwa nina mdomo. Miaka kumi na tisa nilipanga maboksi ya vigae katika ghala moja la Downsview, na neno nililolitumia kuliko yote lilikuwa "sawa". Mke wangu alifariki miaka sita iliyopita. Binti yangu wa pekee yuko Calgary, hunipigia simu Jumapili.

Mlango unaotazamana na wangu ulikuwa wa yule binti. Alikuwa Mwodia, yaani mtu wa jimbo la Odisha, mashariki ya India. Siku za mwanzo nilimwita Mhindi, kama tunavyowaita wote kwetu. Akaniuliza, "Nikikuita Mkenya utaitika?" Nikamwambia siitiki hata nikiwa nazama. "Basi tumeelewana," akasema. Tulizungumza Kiingereza, kila mtu na cha kwao. Alianza kuniita Aja, ambalo ni babu kwa lugha yake. Nikamfundisha kusema Babu, kisha nikamfundisha shikamoo. Aliishika haraka. Tulipokutana kwenye lifti, yeye na kofia yake ya plastiki ngumu kwapani na buti zilizojaa vumbi jeupe, alisema, "Shikamoo Babu," na watu wote wa lifti wakageuka kunitazama kama chifu.

Alikuwa mhandisi. Kazi yake ilikuwa kukagua majengo ya zamani kama letu: roshani, ngazi, maegesho ya chini ya ardhi. Alikuwa na nyundo ndogo ambayo alitembea nayo kama daktari na kipimo chake. Siku moja aliingia kwangu kuleta vitafunio, akaomba kuiona roshani yangu, akaanza kuigonga sakafu. Zege zima, alisema, lina sauti kali, iliyokaza. Lililoachana ndani lina sauti ya kopo. Aligonga, akasogea, akagonga, mpaka karibu na pembe ikalia kopo. "Hapa usisimame, Babu," akasema. "Kwa juu pazuri, ndani pameachana." Tangu siku hiyo nimeweka ndoo ya maua pale pembeni.

Alikuwa amebakiza miezi saba. Sheria ya hapa ni kwamba mhandisi hufanya kazi miaka kadhaa chini ya mwenzake aliyemtangulia kabla hajapewa muhuri wake mwenyewe, wa kuweka kwenye ripoti. Aliuzungumzia huo muhuri kama mtu mwingine anavyozungumzia nyumba anayoijenga. Na alikuwa na mtu wake, kijana wa Kitamil, watu wa kusini ya India na Sri Lanka, aliyelelewa Scarborough, mpole, mrefu, aliyekuja Jumamosi na kuondoka Jumapili. Mimi niliona. Mlango wangu unatazamana na wake, na mzee asiye na kazi ni mlinzi asiyeajiriwa. Niliona, sikusema kitu, na binti alijua kwamba nimeona. Aliniachia hata ufunguo wake wa akiba, nikautundika kwenye msumari karibu na jiko.

Mwezi wa nne mama yake akaja kutoka nyumbani kwao, kwa viza ya miezi sita. Alikuwa mwalimu wa hesabu aliyestaafu, mwembamba, mwenye miwani iliyofungwa kamba. Aliniita Bhaina, kaka mkubwa, na kila Alhamisi alinigongea mlango akiwa na bakuli. Yule Mtamil hakuonekana tena kwenye korido yetu. Binti sasa alikutana naye nje, akamwambia mama yake kwamba kazi imeongezeka.

Mama alikuja na picha ya mtu. Kijana Mwodia, fundi wa kompyuta huko New Jersey, wa familia inayofahamika. Wasoma nyota wa huko kwao walikuwa wameshalinganisha siku za kuzaliwa na kukuta hazina ubaya. Mama alinionyesha picha hiyo kwenye simu, nami nikasema, kama mjinga, kwamba ana paji la uso la mtu mwaminifu. Binti alikuwa amesimama nyuma yake akikausha sahani. Baadaye nikajua kwamba akihamia kule kwa karatasi za mke hataruhusiwa kufanya kazi, labda kwa miaka mingi, na kwamba miaka aliyoihesabu huku ingebaki huku.

Kwa nini hakukataa? Nilimuuliza swali hilo, na nilimuuliza kwa wepesi, kama mtu anayeuliza kwa nini hukubeba mwavuli. Tulikuwa kwenye chumba cha kufulia nguo, chini kabisa ya jengo, mashine mbili zinazunguka. Akanieleza. Baba yake alikuwa amelazwa mara mbili kwa moyo. Mdogo wake wa kike alikuwa na mchumba tayari, ila kwa desturi yao mdogo hatangulii, kwa hiyo maisha ya yule naye yalisimama mlangoni pake. Alishajaribu kumdokezea bwana harusi mwenyewe, kwenye simu ambayo mama alikaa pembeni akisikiliza, na yule kijana akajibu kwa adabu kwamba mambo hayo ni ya wazee.

Kisha akaniambia alichokuwa amenifuatia kule chini. Kabla ya kutoa neno la mwisho, familia ya mwanamume hutuma mtu kuuliza kwa majirani. Nikacheka, kwa sababu na sisi tuna hiyo. Mjomba wa bwana harusi aliishi Mississauga, angekuja wiki ya sikukuu yao moja, na angegonga kwangu.

"Mwambie ukweli, Babu."

"Ukweli upi?"

"Kwamba narudi saa ninayotaka. Kwamba kuna mwanamume alikuwa akilala kwangu. Mwambie kabila lake pia, hilo litawatosha."

Nilishika nguo zangu zilizoloa nikajifanya natafuta soksi. Alisubiri. Mashine moja ilimaliza kuzunguka ikanyamaza.

"Mimi nikisema hapana, nimemuua baba," akasema. "Wao wakisema hapana, ni aibu tu. Aibu naiweza."

Nikamwambia nitasema. Naandika hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa. Sikusema nitajaribu, wala tutaona. Nilisema nitasema, na yeye akanibebea kapu langu la nguo mpaka kwenye lifti.

Sikukuu hiyo inaitwa Raja, katikati ya mwezi wa sita. Kwa siku tatu ardhi huhesabiwa kama mwanamke aliye katika siku zake, huachwa ipumzike. Shamba halilimwi, hakuna anayechimba. Na wasichana nao hawagusi kazi. Huvaa nguo mpya, hupakwa rangi nyekundu miguuni, hula mkate wa mchele na nazi uliookwa polepole mpaka ukoko wake unakuwa mweusi, na hukaa kwenye bembea wakiimba. Niliposimuliwa niliona ni desturi ya huruma kuliko nyingi za kwetu. Ila wiki hiyo binti alipaswa kukagua maegesho ya jengo moja karibu na Eglinton, siku tatu za kutoboa zege, na mama akamlazimisha aombe ruhusa. Hutaitoboa ardhi siku hizi, alisema, na mjomba wa watu anakuja kukutazama.

Mama alitaka bembea. Nilipeleka kamba zangu za kufungia mizigo. Alipendekeza tuitundike roshani, binti akaenda akagonga dari kwa nyundo yake mara tatu na kusema dari hiyo haina uwezo wa kubeba hata kanga zilizoloa. Tukaishia kuifunga kwenye bomba la chuma la mazoezi lililokuwa juu ya mlango wa chumba chake, ubao mmoja na mto juu yake. Ilipobembea, magoti yake yaligonga kochi mbele, mgongo ukakaribia kabati nyuma. Alikaa hapo na sari ya rangi ya chungwa, miguu myekundu, akijisukuma kwa vidole shubiri moja mbele, shubiri moja nyuma. Simu yake ililia mara nyingi. Ni kazini walikuwa wakiuliza kitu. Mama aliichukua akaiweka jikoni.

Nilirudi kwangu nikimwacha hivyo. Nilipaswa kukumbuka picha ile saa mbili baadaye.

Mjomba akaja kwangu alasiri, akavua viatu. Nilikuwa nimechemsha kahawa kwa iliki. Hakuulizia habari moja kwa moja, na hilo nalo nilifurahia. Aliuliza kwanza habari za nyumbani kwetu, za mke wangu marehemu, za baridi. Alisema familia yao inaamini neno la mzee kuliko karatasi. Nikajisikia nimekaa tena kwenye kiti changu cha Tanga, kanzu imenyooka, watu wanangoja nifungue mdomo. Ndipo akauliza: "Mzee, huyu binti mnaishi naye mlango kwa mlango. Ni mtu wa namna gani?"

Sisi tulifundishwa kwamba binti wa jirani husitiriwa. Hata ukimwona akiruka dirisha, ukiulizwa unasema ulisikia paka. Asiyemsitiri binti wa mwenzake ni mtu duni, na mshenga wa aina hiyo hapewi tena hata maji. Naieleza desturi hii ili ieleweke, si ili inifiche. Desturi ilinipa maneno, lakini utamu nilioupata nikiyasema ulikuwa wangu.

Nikasema, "Bwana, huyu binti ni mtulivu."

Baada ya hapo sikuweza kusimama. Nikasema ni msikivu. Hana makundi. Akitoka kazini anarudi nyumbani. Namwamkia mimi kabla hajaniamkia? La, hajawahi kunipa nafasi hiyo, husalimia yeye kwanza, tena kwa lugha yangu. Yule bwana akauliza, kwa sauti ya chini, kama kuna wanaume wanaokuja. Hapo ndipo mlango wenyewe uliponifungukia, mpana, wa kusema kama nilivyomwahidi binti. Nikasema, "Tangu ahamie hapa sijaona kiatu cha mwanamume mlangoni pake." Akashusha pumzi. Akanishika mkono tena kwa mikono miwili.

Maneno hayo matatu, mtulivu, msikivu, hana makundi, hayakuwa mapya mdomoni mwangu. Nilishayasema miaka ishirini nyuma, tulipokuwa tukiishi Crescent Town, sebuleni kwetu, mbele ya wageni waliokuja kumposa binti yangu mwenyewe. Alikuwa amekaa karibu na mlango wa jikoni. Alitaka kwenda chuo kwanza, na nilijua. Nilimsifu kwa kuwa msikivu mpaka nilipomaliza hakuwa na pa kupitia ila kusikiliza. Aliolewa na mtu yule, akakaa miaka sita ambayo ilipaswa kuwa mmoja. Baada ya kuachana nilimuuliza kwa nini alivumilia vile. Alijibu kwamba hakutaka kunifanya mwongo mbele ya watu. Jibu hilo nilikaa nalo miaka yote hiyo, nikidhani nimelielewa.

Binti wa jirani alijua matokeo kabla ya siku kuisha, kwa sababu sifa zilifika Odisha haraka kuliko mjomba alivyofika Mississauga. Mama wa bwana harusi alilia kwa furaha kwenye simu. Baba mgonjwa aliomba arudiwe maneno ya mzee wa Kiafrika mara mbili, akala chakula vizuri siku hiyo. Walipanga mwezi wa kumi na moja. Mama alinigongea mlango na bakuli la ule mkate wa nazi, machozi yanamtoka, akataka kunigusa miguu, kama wanavyowaheshimu wazee kwao. Nilimzuia. Nyuma yake, kupitia milango miwili iliyo wazi, nilimwona binti bado kwenye bembea. Alinitazama. Hakuwa na hasira, na ningependelea angekuwa nayo. Alinitazama kama alivyoitazama ile pembe ya roshani yangu baada ya kuigonga.

Mjomba aliniachia namba yake kwenye karatasi. Niliiweka droo ya vijiko. Kila nilipochukua kijiko niliiona. Ningeweza kumpigia na kusema, bwana, nilikudanganya, mambo ni hivi na hivi. Siku ya tisa nikaamua kwanza nimwambie mama, nikijiambia kwamba ndiyo adabu, na kweli nilikuwa nikitafuta mtu wa kunizuia.

Binti alikuwa kazini. Mama alikuwa sakafuni akikunja nguo ndani ya sanduku. Nilikaa, nikazunguka sana, mwisho nikasema kwamba siku ile sikumwambia mgeni kila kitu.

Hakuacha kukunja. "Bhaina," akasema, "nimefundisha hesabu miaka thelathini na miwili. Unadhani nashindwa kuhesabu miswaki?"

Akachukua nguo nyingine.

"Wiki ya kwanza nilijua. Ndiyo maana nilimwelekeza yule mjomba kwako. Yule mama wa mwisho wa korido angesema. Wewe nilikutazama unavyokula, unavyoshukuru, nikajua huwezi."

Hakuna mtu aliyewahi kunisoma hivyo tangu nizaliwe. Kila nilichokuwa nikijivunia, adabu yangu, kusitiri kwangu, ulimi wangu, yule mama alikuwa amekipima na kukitumia kama mtu anavyotumia ngazi ya jirani. Nilimwambia kwamba binti yake hataki. Nilimwambia habari ya muhuri, ya miezi saba. Alisema anaijua kuliko mimi, kwamba mwenyewe ndiye aliyemfundisha hesabu za kwanza, kwa njugu, kwenye sahani. Kisha mikono yake ikasimama juu ya sari aliyokuwa akiikunja.

"Nikirudi bila hili, nirudi wapi?" akaniuliza. "Kwa mume yupi? Na yule binti mwingine anayengoja, nikamwambie nini?"

Nilitoka nikaenda kwangu. Namba ilikuwa kwenye droo. Mtu akisoma hapa atasema, bado ulikuwa na nafasi, mzee. Ni kweli, nilikuwa nayo Juni yote, na Julai. Kila siku nilijipa sababu. Kwamba baba yake anaweza kufa. Kwamba nikisema nilidanganya, nani ataamini la pili. Kwamba huenda kijana wa New Jersey ni mtu mwema, na huenda ni kweli. Chini ya sababu zote hizo kulikuwa na moja tu niliyoiogopa kuitamka: mjomba angenipata mwongo, na ile mikono miwili isingenishika tena. Karatasi ilibaki na vijiko mpaka namba ikafutika kwa maji.

Binti alifanya kazi mpaka wiki ya mwisho. Yule Mtamil nilimwona mara moja, nje, karibu na kituo cha basi la kwenda Don Mills. Alinisalimia vizuri. Hakujua lolote kunihusu, na sikumwambia.

Siku ya kuondoka alinigongea mlango asubuhi. Alikuja kuchukua ufunguo wa akiba, ili aurudishe ofisi ya jengo. Niliutoa kwenye msumari, nikamwambia niliyokuwa nimeyapanga. Kwamba nilikosa. Kwamba haikuwa desturi, ilikuwa mimi. Kwamba nilimfanyia mwanangu jambo lile lile na sikujifunza. Nilisema vizuri, mdomo wangu haujawahi kunitupa, na nilivyokuwa nikisema niliona kwamba hata hapo nilikuwa nangoja sifa, ya mzee anayekiri makosa yake.

Alisikiliza mpaka mwisho. "Nilikuomba kitu kimoja tu, Babu," akasema.

Akatia ufunguo mfukoni. Mama yake alikuwa akimwita kutoka kwenye lifti, masanduku yakiushikilia mlango. Aligeuka, akaenda hatua mbili, kisha akarudi nusu, kama mtu aliyesahau kitu ndani.

"Shikamoo," akasema.

Nikaitikia, marahaba, kabla sijafikiri. Mdomo wangu umezoea kupokea. Mlango wa lifti ukajifunga, nami nikabaki koridoni, nimeshaipokea heshima, na sikuwa na mtu wa kumrudishia.